Namna ya Kusitisha Bima ya Kifo cha Ajali



Umekwisha kujua kusoma na kuandika. Sasa tumia elimu hiyo kulinda fedha zako na haki ya watoto wako. Katika somo hili tutajifunza jinsi ya kusitisha bima ya kifo cha ajali. Somo ni refu kidogo. Lisomeni kwa zamu darasani, kila mtu aya moja, kisha mjadili.

BIMA HII NI NINI?

Vijijini kwetu Ufipa watu huchangiana wakati wa msiba. Huyu huleta unga, yule huleta kuni, mwingine hutoa fedha. Vipo pia vikundi vya kufa na kuzikana. Kila mwanachama hutoa kidogo, na anayefikwa na msiba husaidiwa na wote. Bima inafanana na jambo hilo. Watu wengi huilipa kampuni fedha kidogo kidogo. Fedha hizo huitwa ada ya bima. Mmoja wao akipatwa na jambo lililotajwa katika mkataba, kampuni hulipa fidia.

Lakini iko tofauti. Katika kikundi mnajuana. Ukichelewa kutoa mchango, wenzako watakuuliza una shida gani. Kampuni haikujui kwa sura. Inakujua kwa karatasi. Lililoandikwa ndilo linalofuatwa.

Bima ya kifo cha ajali hulipa mtu akifa kwa ajali tu. Gari likipinduka, pikipiki zikigongana, au mtu akianguka kutoka juu ya paa, hizo ni ajali. Mtu akifa kwa malaria, kwa homa ya mapafu au kwa uzee, bima hii hailipi.

Tena bima hii siyo kibubu. Ukilipa miaka mitano bila kupata ajali, hakuna akiba iliyowekwa kwa jina lako. Ulichonunua ni kinga ya miaka ile mitano, nayo imekwisha kutumika.

KWA NINI TUJIFUNZE JAMBO HILI?

Shirika la Bima la Taifa lilianzishwa mwaka 1963. Kuanzia mwaka 1967, baada ya Azimio la Arusha, kazi ya bima Tanzania Bara ilikuwa mikononi mwa Shirika hilo. Mwaka 1996 sheria mpya iliruhusu kampuni binafsi nazo kufanya kazi hiyo. Leo kampuni ni nyingi. Bima huuzwa na mawakala, huuzwa kupitia benki, na huuzwa hata kwa simu ya mkononi. Kuingia kumekuwa rahisi. Mtu hubonyeza simu au hutia dole gumba, naye amekwisha kuingia katika mkataba. Kutoka kunataka kusoma na kuandika.

Tuseme kuna mama mkulima wa Laela. Alipokwenda mjini Sumbawanga kushughulikia akaunti yake, alijaziwa fomu ya bima. Aliambiwa, "Ukifa, watoto watalipwa." Hakusomewa neno "ajali". Baada ya mwaka mmoja mwanawe aliyeko shuleni akamsomea ile hati. Mama akaona siyo bima aliyoitaka. Basi akaamua kunyamaza tu, asiende tena benki.

Je, alifanya vizuri? Hapana. Kunyamaza kunaweza kuleta hasara mbili. Kwanza, fedha zinaweza kuendelea kukatwa katika akaunti yake bila yeye kujua. Pili, ada isipolipwa, kinga inaweza kukoma. Watoto watadhani mama ana bima, kumbe hana. Siku ya msiba watahangaika na karatasi isiyo na nguvu.

Kumbuka neno hili: bima husitishwa kwa maandishi, haisitishwi kwa kunyamaza.

KABLA HUJASITISHA

Usifanye haraka. Chukua hati yako ya bima, isome, kisha ujiulize maswali haya matano.

1. Hii ni bima gani? Tafuta maneno "ajali" na "kifo cha aina yoyote". Bima inayolipa kifo cha aina yoyote ni nyingine. Angalia usije ukasitisha ile uliyotaka kubaki nayo.

2. Je, bima imefungwa pamoja na mkopo? Ukikopa fedha za mbolea au za mbegu, mara nyingi mkopeshaji hutaka uwe na bima mpaka umalize deni. Hapo zungumza na mkopeshaji kwanza.

3. Nani ananitegemea, na kazi yangu ina hatari gani? Dereva anayeteremka kila wiki kutoka uwanda wa juu kwenda Muze, katika Bonde la Rukwa, anazijua zile kona. Mvuvi wa Kasanga anazijua dhoruba za Ziwa Tanganyika. Watu kama hao wapime vizuri kabla ya kuacha kinga.

4. Je, nina bima nyingine? Kama unahamia kampuni nyingine, ngoja bima mpya ianze kazi ndipo usitishe ile ya zamani. Mtu habomoi nyumba ya zamani kabla hajaezeka mpya, hasa masika.

5. Je, ajali imekwisha kutokea? Kama ndiyo, usisitishe kwanza. Toa taarifa na dai haki yako.

Jambo moja usilisahau. Sheria inamtaka mwenye chombo cha moto awe na bima ya kuwalipa watu wengine wanaoumizwa au kuuawa na chombo hicho. Ukisitisha bima yako mwenyewe, haki ya jamaa zako kudai katika bima ya gari hilo haifutiki. Lakini mtu aliyepanda juu ya magunia ya mahindi katika lori la mizigo asiitegemee sana bima hiyo.

HATUA ZA KUSITISHA

Hatua ya kwanza: Soma sehemu ya hati inayozungumzia kusitisha au kuvunja mkataba. Tazama unatakiwa kutoa taarifa siku ngapi kabla. Tazama pia kama kuna siku za mwanzo ambazo mtu anaweza kurudisha hati na kurudishiwa ada yake.

Hatua ya pili: Andika barua kwa kampuni ya bima. Usimwambie wakala kwa mdomo tu. Wakala anaweza kuhama au kusahau, lakini barua hubaki.

Hatua ya tatu: Toa nakala. Peleka barua ofisini mwenyewe, na nakala yako igongwe muhuri na kuandikwa tarehe ya kupokelewa. Kama ofisi iko mbali, tuma kwa rejista ya posta na utunze stakabadhi.

Hatua ya nne: Kama ada hukatwa benki, andika barua ya pili kwa benki. Waambie wasimamishe makato hayo. Barua ya kampuni haitoshi, kwa kuwa anayekata fedha ni benki.

Hatua ya tano: Dai barua ya kampuni inayosema bima imesitishwa na tarehe yake. Mwezi unaofuata, angalia akaunti yako kama makato yamekoma.

Kama bima ni ya simu, ipigie kampuni au fuata maelezo yake ya kujitoa. Tunza ujumbe unaothibitisha kuwa umetoka. Kutupa laini ya simu siyo njia ya kusitisha. Na mtu akikupigia kusema atakusitishia bima ukimpa namba yako ya siri, huyo ni mwizi. Usimpe.

MFANO WA BARUA

Kijiji cha ..............
S.L.P. ..............
SUMBAWANGA.
Tarehe ..............

Meneja,
Kampuni ya Bima ..............

Ndugu Meneja,

YAH: KUSITISHA BIMA YA KIFO CHA AJALI, HATI NAMBA ..............

Mimi .............. ni mwenye hati iliyotajwa hapo juu. Nimeamua kusitisha bima hiyo kuanzia tarehe ..............

Naomba msikate ada tena baada ya tarehe hiyo. Kama kuna sehemu ya ada ninayostahili kurudishiwa, naomba nilipwe. Naomba pia barua ya kuthibitisha kuwa bima imesitishwa.

Wako mtiifu,
(Sahihi)
(Jina)

Barua ni fupi. Si lazima kueleza sababu nyingi, wala si lazima kuomba radhi.

FEDHA ZINAZORUDI

Tufanye hesabu. Tuseme mtu amelipa ada ya mwaka mzima, shilingi 24,000. Amesitisha baada ya miezi 3.

Ada ya mwezi mmoja: 24,000 ÷ 12 = shilingi 2,000.
Miezi iliyotumika: 2,000 × 3 = shilingi 6,000.
Inayobaki: 24,000 – 6,000 = shilingi 18,000.

Je, atapata shilingi 18,000 zote? Siyo lazima. Mikataba mingi huiruhusu kampuni kubakiza zaidi mteja anapojitoa mwenyewe katikati ya mwaka. Kama alikwisha kulipwa fidia mwaka huo, huenda asirudishiwe kitu. Anayelipa mwezi kwa mwezi mara nyingi hana cha kurudishiwa. Yeye anazuia makato ya mbele. Ukiifanya hesabu hii nyumbani, utakwenda ofisini ukijua la kuuliza.

WAKIKATAA AU WAKINYAMAZA

Kwanza, iandikie kampuni barua ya malalamiko na ushikamanishe nakala ya barua yako ya mwanzo. Ukikosa jibu, peleka malalamiko kwa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima Tanzania, yaani TIRA. Hiyo ndiyo inayosimamia kampuni na mawakala wote wa bima. Pia Sheria ya Bima ya mwaka 2009 iliweka msuluhishi wa migogoro ya bima, ambaye husikiliza mwananchi na kampuni. Kote huko utaulizwa: barua yako iko wapi? Hapo ndipo utakapoona faida ya ile nakala yenye muhuri.

Mwisho, waambie watu wa nyumbani. Mume amwambie mke, mke amwambie mume, na watoto wakubwa wajue. Hati iliyositishwa iandike juu yake "IMESITISHWA" pamoja na tarehe, kisha uiweke pamoja na barua ya kampuni. Hivyo hakuna atakayeifuata bure siku ya msiba.

MANENO YA SOMO

Ada ya bima: fedha unayoilipa kampuni ili upate kinga.
Fidia: fedha inayolipwa na kampuni baada ya ajali.
Hati ya bima: karatasi yenye masharti ya mkataba.
Kusitisha: kukomesha mkataba kabla ya muda wake.
Nakala: karatasi ya pili iliyo sawa na ya kwanza.

MASWALI YA KUJADILI

1. Mama wa Laela angefanya nini badala ya kunyamaza?
2. Kikundi cha kufa na kuzikana na kampuni ya bima vinafanana wapi? Vinatofautiana wapi?
3. Katika kijiji chenu, ni nani anayehitaji zaidi bima ya ajali? Kwa nini?
4. Kwa nini si vizuri kutia dole gumba kwenye karatasi usiyoisoma?

ZOEZI

(a) Mtu alilipa ada ya mwaka shilingi 36,000. Amesitisha baada ya miezi 5. Sehemu ya ada ambayo haijatumika ni shilingi ngapi?
(b) Andika katika daftari lako barua ya kuiambia benki isimamishe makato ya bima. Mpe mwenzako aisome. Asipoielewa, iandike tena.