Padre Aliyetengeneza Filamu: Tujifunze kwa Padre Ellwood Kieser



Kijana mwenzangu, filamu ikiisha huwa unafanya nini? Wengi wetu tunazima. Yale majina yanayopanda kwenye skrini hatuna muda nayo, na tukiyasoma basi tunamtafuta stelingi tu. Lakini katikati ya majina hayo kuna mtu anaitwa mtayarishaji. Kwa kawaida yeye haonekani kwenye filamu hata dakika moja. Ila ndiye anayeamua hadithi ipi isimuliwe, ndiye anayehangaika na fedha, anayewatafuta mwandishi, mwongozaji na waigizaji. Filamu ikifanya vizuri sifa zinakwenda kwa stelingi, ikianguka madeni yanamrudia yeye.

Leo tutazame maisha ya mtayarishaji mmoja ambaye pia alikuwa padre: Ellwood Kieser wa Marekani.

Neno la Mungu: 2 Samweli 12:1-7

Soma kwanza sehemu hii kwenye Biblia yako. Mfalme Daudi amemchukua mke wa Uria, kisha amepanga Uria afie vitani. Mungu anamtuma nabii Nathani. Sasa angalia: Nathani haanzi kwa kumnyooshea mfalme kidole. Anamsimulia habari ya tajiri mwenye mifugo tele na maskini mwenye mwanakondoo mmoja tu. Daudi anawaka hasira juu ya tajiri yule. Kumbe tajiri ni yeye mwenyewe! Hadithi ilishapita mlangoni kabla mfalme hajajua kwamba anahubiriwa.

1. Alitoka kwenye maelezo akaenda kwenye hadithi

Kieser alizaliwa Philadelphia mwaka 1929. Alijiunga na Shirika la Wapaulisti na kupewa daraja ya upadre mwaka 1956. Akatumwa Los Angeles, katika parokia ya Mtakatifu Paulo Mtume, eneo la Westwood, jirani na chuo kikuu na si mbali na Hollywood. Huko alifundisha watu wazima waliotaka kuijua imani Katoliki. Kutokana na madarasa hayo, mwaka 1960 kikazaliwa kipindi cha televisheni kilichoitwa Insight.

Mwanzoni kilikuwa kama darasa: padre anaifafanua imani mbele ya kamera. Baadaye akakigeuza kuwa michezo ya kuigiza ya nusu saa, yenye watu wa kawaida na matatizo ya kawaida: ndoa inayovunjika, mtu anayeshindwa kusamehe, mtu anayeogopa kufa. Waigizaji wakubwa kama Martin Sheen walikubali kushiriki kwa malipo madogo. Kipindi kiliendelea kwa zaidi ya miaka 20.

Mimi niliyesoma falsafa namkumbuka hapa Plato. Yeye aliwaogopa washairi kiasi cha kutaka waondolewe kwenye mji wake bora, kwa sababu aliona hadithi inaingia rohoni kabla akili haijaamka kuipima. Kieser aliijua nguvu hiyohiyo. Ila hakuikimbia. Aliona kwamba kama hadithi ina nguvu namna hii, basi wanaopenda ukweli nao wajifunze kusimulia, tena wasimulie vizuri. Hata Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati ya Inter Mirifica ya mwaka 1963, uliwahimiza Wakatoliki kutumia filamu, redio na televisheni kwa ajili ya wema.

2. Alisimama na hadithi iliyokataliwa

Tarehe 24 Machi 1980, Askofu Mkuu Oscar Romero wa San Salvador alipigwa risasi akiwa altareni, katika kanisa dogo la hospitali. Kosa lake lilikuwa kuwatetea maskini waliokuwa wakiuawa na kupotezwa.

Kieser alitaka maisha ya Romero yawe filamu. Vituo vikubwa vya televisheni vikakataa. Hadithi inaishia kwa kifo, nani ataangalia? Angeweza kusema basi, nimejaribu. Badala yake aliamua kutengeneza filamu ya kuonyeshwa kwenye majumba ya sinema, akabisha hodi kwenye taasisi za Kikatoliki kutafuta fedha, na Raúl Juliá akaigiza kama Romero. Ilitoka mwaka 1989.

Ukiiangalia utaona jambo moja: Romero wa filamu ile si sanamu. Anaanza akiwa mpole, mtu wa vitabu, asiyetaka ugomvi na wakubwa. Anaogopa. Anasitasita. Kifo cha rafiki yake, Padre Rutilio Grande, aliyeuawa Machi 1977, ndicho kinachomtikisa. Hapo ndipo hadithi inapotofautiana na sifa tupu. Mtakatifu asiye na hofu tunampigia makofi, kisha tunakwenda zetu. Mtakatifu aliyeogopa halafu akaendelea, huyo anatuuliza swali: na wewe je?

3. Naye alikuwa na vita vyake

Usidhani Kieser alielea juu ya mawingu. Katika kitabu cha maisha yake, Hollywood Priest, alikiri wazi kwamba akiwa padre aliwahi kumpenda mtawa, na kwamba kubaki katika wito wake kulimuuma. Sisi tulio kwenye malezi tunapenda kuambiwa kwamba ukishasema ndiyo, mambo yamekwisha. Hayajaisha. Ndiyo ya upadre, kama ndiyo ya ndoa, inasemwa tena na tena, na siku nyingine inasemwa kwa machozi.

4. Aliwainua wengine

Mwaka 1974 alianzisha Tuzo ya Humanitas. Wanaopewa ni waandishi wa filamu na televisheni, watu ambao sura zao mtazamaji hazijui, wanaoandika hadithi zinazomheshimu binadamu. Yaani, aliyefanya kazi nyuma ya pazia aliwakumbuka wenzake walio nyuma ya pazia.

Padre Kieser alifariki kwa saratani tarehe 16 Septemba 2000. Romero alitangazwa mtakatifu na Papa Fransisko tarehe 14 Oktoba 2018. Hesabu mwenyewe: miaka 18. Kieser alipanda, hakuiona siku ya mavuno hapa duniani.

Inatuhusu nini?

Leo kila mwenye simu ni mtayarishaji. Unachagua hadithi, unairekodi, unairusha. Tatizo letu ni kwamba mara nyingi hadithi ni ile ile: mimi. Tunahesabu waliotazama, na wakiwa wachache tunaona kazi imekufa. Hata kwenye maigizo ya parokia, wote tunataka kuwa stelingi, nani atapanga viti?

Na tuwe wakweli: kuweka jina la Yesu kwenye kazi mbovu hakuifanyi iwe nzuri. Kusimulia vibaya habari njema nako ni kutowaheshimu wasikilizaji.

Maswali ya kutafakari

1. Ni hadithi ya nani mtaani kwangu ambayo hakuna anayetaka kuisikia?
2. Je, naweza kufanya kazi nzuri ambayo jina langu halitatajwa?
3. Nathani angenijia leo, angenisimulia nini?

Tendo la wiki: Tafuteni filamu ya Romero, mwitazame pamoja kwenye jumuiya au kikundi chenu. Ikiisha msizime. Someni majina mpaka la mwisho, kisha waombeeni wote waliofanya kazi bila kuonekana.

Tuombe: Ee Bwana Yesu, uliyetufundisha kwa mifano, utupe macho ya kuwaona wasioonekana, na ujasiri wa kusimulia ukweli hata usipolipa. Mtakatifu Oscar Romero, utuombee. Amina.