Faili Moja, Programu Nyingi: Somo Nililolipata Maabarani

Wahenga walinena kwamba usilolijua ni usiku wa giza. Mimi giza hilo liliniingia mchana kweupe, ndani ya maabara ya tarakilishi, wiki moja tu kabla ya sisi wa Kidato cha Nne kuwasilisha miradi yetu.

Ilikuwa hivi. Diski ilikuwa imejaa pomoni. Nami kwa ujuaji wangu nikafungua orodha ya programu za Windows, nikaanza kupunguza. Nikakuta jina refu: Microsoft Visual C++ 2015-2022 Redistributable. Limeandikwa mara mbili! Nikajiambia, "Hii sijaona mtu akiifungua hata siku moja." Nikaziondoa zote mbili.

Kesho yake programu ya kuchorea ikagoma kufunguka. Ya hifadhidata nayo ikagoma. Kila moja ilitoa ujumbe kwamba faili iitwayo MSVCP140.dll haipatikani. Miradi ya wenzangu wawili ilikuwa humo. Jasho jembamba lilinitoka.

Nilimwendea mwalimu nikakiri kosa. Hakunigombeza. Aliniuliza tu, "Kamusi iliyo pale maktabani ni ya nani?"

"Ni yetu sote, Mwalimu."

"Basi wewe umeichoma kwa sababu hukuwahi kumwona mtu akiisoma."

Hapo ndipo nilipoelewa. Mwanafunzi anayeandika insha hanakili kamusi nzima daftarini mwake. Akikwama, huiendea na kutafuta neno analolitaka. Programu nazo hufanya vivyo hivyo. Kazi ambazo programu nyingi huzihitaji huwekwa katika faili ya pamoja, yaani DLL. Ndani ya programu huwa mna orodha ya majina ya faili inazozitegemea. Ukiifungua, Windows huzitafuta, huzipakia katika kumbukumbu na kuziunganisha nayo. Hata moja ikikosekana, programu haianzi ng'o!

Faida ni tatu. Nafasi ya diski huokolewa, nakala moja iliyo katika kumbukumbu huweza kuzihudumia programu kadhaa kwa pamoja, na kosa likirekebishwa katika faili moja, zote hunufaika.

Lakini cha wengi kina hatari yake. Miaka ya 1990, programu mpya iliweza kuingia na toleo lake la DLL na kulifunika lililokuwapo. Ni kama mtu atoe kamusi maktabani na kuweka nyingine yenye kurasa tofauti. Programu mpya ilifanya kazi, za zamani zikaanguka. Ndiyo maana Windows 2000 ilikuja na ulinzi wa kurudisha faili za mfumo zikibadilishwa ovyo.

Je, faili hizi hukaa wapi? Nyingine hukaa katika folda ya programu yenyewe, na nyingi zimo katika C:\Windows\System32. Tahadhari, jina hili hudanganya! Katika Windows ya biti 64, System32 huwa na faili za biti 64, na zile za biti 32 zimo katika SysWOW64. Ndiyo sababu lile jina refu liliandikwa mara mbili: kila aina ya programu na faili zake.

Nawe ukifikwa na balaa kama langu, fanya hivi. Kwanza, usipakue DLL moja moja kutoka tovuti usiyoijua, kwani huenda ukabeba virusi. Pili, rudisha kifurushi kizima kutoka kwa waliokitengeneza. Tatu, ikiwa faili iliyoharibika ni ya Windows yenyewe, fungua dirisha la amri kama msimamizi, uandike sfc /scannow. Mfumo utazikagua faili zake na kujaribu kuzirekebisha.

Mwalimu alipakua vifurushi vyote viwili kutoka kwa Microsoft, akavirudisha. Programu zikafunguka. Miradi ya wenzangu tukaikuta salama, kwa maana kazi zao zilikuwa katika faili nyingine ambazo sikuzigusa. Niliwaomba radhi, wakanisamehe, ingawa mmoja bado huniita "Mfutaji".

Ndugu msomaji, kabla ya kufuta kitu usichokijua, uliza kwanza ni nani anakitegemea. Kutoonekana si kutotumika. Kwa hayo machache, naiweka kalamu yangu chini.