Jumanne: Mtoto wa Nyumba Mbili

Soma Kutoka 2:1-10, kisha fungu la 22. Yokebedi alikabidhiwa nini na binti Farao, naye alipaswa kurudisha nini?

Tunakisoma kisa hiki kwa furaha kwa sababu Musa aliokolewa. Lakini fungu la 10 limebeba siku nzito: mama anamshika mtoto wake mkono na kumpeleka kwa mwanamke mwingine. Miaka mingi baadaye Musa anampa mwanawe jina Gershomu, kwa kuwa anajiona mgeni. Sidhani ugeni huo ulianzia Midiani.

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inatambua malezi ya kambo. Familia humpokea mtoto kupitia Ustawi wa Jamii, lakini hawi wao kisheria kama aliyeasiliwa. Huenda siku moja akarudi kwa wazazi au ndugu zake.

Familia moja ya waumini huku Ulaya, kati ya Kilosa na Mikumi, ilimpokea mtoto mdogo. Mama mlezi alikuta matonge makavu ya ugali chini ya godoro, akamchapa kwa wizi. Kumbe ni chakula alichokitoa kwenye sahani yake mwenyewe, akiba ya siku ya njaa. Alikojoa kitandani. Kila basi la Kilosa likipita alikimbilia barabarani, akidhani mama yake atashuka. Yule mlezi akaniambia, “Mzee, nimemvisha, nimempeleka shule, bado anamlilia aliyemwacha. Mimi ni nani kwake?” Sikuwa na jibu la haraka. Nilimwomba tusome pamoja fungu la 6 na la 10.

Binti Farao alijua kwamba mtoto ni wa Waebrania. Hata jina alilompa lilitunza habari ya kule majini alikomtoa. Mtoto anayemlilia mama yake hajakosa shukrani kwa mlezi. Anaweza kuwapenda wote wawili. Basi asikatazwe kumtaja mama, wala asikumbushwe mezani kila tulichomfanyia. (Na watoto wa nyumbani waliobanana naye kitanda kimoja nao wasikilizwe.)

Kanisani tunajua kumtembelea mfiwa. Aliyerudisha mtoto baada ya miaka mitatu humwendei mtu, maana hakuna msiba. Lakini kitanda kimebaki kitupu.

Jadilini: Ni nani katika darasa lenu anayelea mtoto wa namna hii? Mara ya mwisho mlimuuliza lini kuhusu hali yake mwenyewe, siyo ya mtoto?