Muziki wa Jirani Usiolala

"Shangazi, nyumba yetu hapa Bamburi imepakana ukuta kwa ukuta na klabu iliyofunguliwa Januari. Ijumaa hadi Jumapili muziki ni mpaka alfajiri, madirisha yanatetemeka, na binti yetu wa kidato cha nne anasinzia darasani. Mwenye klabu ni mtu tunayezikana naye. Mume wangu asema tukienda kortini tutaitwa mahasidi. Nivumilie mpaka lini?"
Mkeshaji, Mombasa

Hofu ya mume ina msingi: aliyemshtaki jirani husimuliwa mtaani kwa miaka. Kwa hiyo Mkeshaji aanze kwa mdomo, tena mchana, akifuatana na mumewe na mzee wa mtaa. Aombe jambo linalotendeka: spika zigeuzwe zielekee barabarani, muziki upunguzwe jioni. Akisikizwa, kesi imeisha kabla ya kuzaliwa.

Akipuuzwa, anunue daftari.

Humo aandike tarehe, saa muziki ulipoanza na saa ulipozimwa. Kila anaporipoti polisi achukue namba ya OB (kitabu cha matukio), na kila barua anayopeleka ofisini nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa. Programu ya simu ya kupima sauti yaweza kumpa fununu, lakini chenye uzito mbele ya jaji ni kipimo cha afisa wa mazingira. Kanuni za kelele za 2009 zimeweka kikomo cha desibeli 45 mchana na 35 usiku ndani ya nyumba za makazi. Usiku wenyewe, kwa kanuni hizo, huanza saa 2:01, wakati ambao vilabu vingi ndio kwanza vinapanga viti.

Mlango wa kwanza ni kaunti. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezikabidhi kaunti udhibiti wa kelele na leseni za vileo pia, kwa hiyo barua ya Mkeshaji iende kwa anayeitoa leseni ya klabu hiyo. Nakala aipeleke NEMA, mamlaka ya taifa ya mazingira, ambayo sheria ya mazingira ya 1999 imeipa uwezo wa kumwamuru mchafuzi akomeshe uchafuzi wake.

Milango hiyo ikibaki imefungwa, ndipo aende Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo ina kituo Mombasa. Kifungu cha 70 cha Katiba hakimlazimishi mlalamishi athibitishe kwamba ameumia au amepata hasara. Pamoja na kesi yenyewe, wakili aombe amri ya muda ya kuzuia kelele, maana kesi huweza kukawia. Wakazi wa Owino Uhuru, Mombasa hiyohiyo, walioathiriwa na madini ya risasi kutoka kiwanda cha kuyeyusha betri, walishinda mwaka 2020 na kupewa fidia ya Sh1.3 bilioni. Rufaa zikafuata, na Mahakama ya Juu haikuirejesha fidia hiyo hadi Desemba 2024. Mtoto wa kidato cha nne hawezi kungoja hivyo.

Amri ikitoka, ahakikishe mwenye klabu amekabidhiwa nakala yake na ushahidi wa makabidhiano umehifadhiwa. Spika zikiendelea kunguruma, wakili arudi kortini na daftari lile. Sheria ya mahakama hiyo, katika kifungu cha 29, inamtishia mkaidi wa amri kwa faini isiyozidi Sh20 milioni, kifungo kisichozidi miaka miwili, au vyote viwili.

Limebaki lile neno la uhasidi. Mkeshaji asiandike barua ya kwanza peke yake; apite nyumba kwa nyumba kukusanya sahihi, maana ukuta wake si pekee unaotetemeka. Mume naye asiachwe nyumbani. Kwa kuwa naye anazikana na mwenye klabu, sahihi yake iwe ya juu kabisa, na nakala ya barua ampelekee jirani huyo mwenyewe, kwa mkono wake, kabla ya Ijumaa.