Siku nne Angkor: somo juu ya mahekalu na vijiji vilivyoyalisha



Mwezi uliopita, katika saa ya historia, Bwana Mwalimu alituuliza: "Nani alijenga Angkor Wat?" Darasa la sita lote tuliandika jibu moja: mfalme Suryavarman wa Pili. Hatukuwa na shaka, maana njo vile ilivyoandikwa katika daftari zetu. Mwalimu hakusema ndiyo, hakusema hapana. Aliandika hesabu mbili ubaoni, 3,140 na 79,365, akasema tutafute wenyewe ni hesabu za nini. Kengele ikalia.

Tena alitupa kazi ya kufanya: kupanga kwenye karatasi safari ya siku nne kule Kambodia, sawa vile angeipanga mtu mwenye gari yake na mwongozi wake, asiyefuata kundi kubwa. Sisi watatu tulijitoa sana. Tuliweka mahekalu kumi na manne ndani ya siku nne. Karatasi ilirudi na wino mwekundu: "Vijiji viko wapi?" na pointi 9 juu ya 20. Tulikasirika kwanza. Kisha tukafungua vitabu upya, na safari ya pili ndiyo hii.

Mbele ya kuanza, tazameni karta. Kambodia iko Asia ya kusini-mashariki, kati ya Tailandi, Laos na Vietnam. Watu wake wengi ni Wakhmer. Mji wa kufikia ni Siem Reap. Kaskazini kuko milima ya Kulen, kusini kuko ziwa kubwa la Tonle Sap. Mukishika hayo mawili mumepata nusu ya somo: maji yanashuka kutoka milimani, yanapita Angkor, yanaingia ziwani. Tangu mwaka 802, wakati Jayavarman wa Pili alipojitangaza mfalme mkuu kule Kulen, mpaka karne ya 15, Wakhmer walisimama katikati ya hayo maji na kuyakamata kwa mifereji na kwa maziwa yaliyochimbwa na mikono ya watu. Maziwa hayo yanaitwa barai. Barai ya Magharibi, ya karne ya 11, ina urefu wa kilometa 8 na upana wa kilometa 2 na kidogo, na mpaka leo iko na maji.

SIKU YA KWANZA ni ya Angkor Wat. Mtu anaamka usiku, maana mlango unafunguliwa saa kumi na moja asubuhi na kila mgeni anataka kuona jua likitokea nyuma ya minara. Tiketi ya mgeni ni dola 37 kwa siku moja, dola 62 kwa siku tatu. Bei hizo ni tangu mwaka 2017, na dola 2 za kila tiketi zinakwenda kwa hospitali za watoto. Kwa siku nne zetu ile ya siku tatu inatosha, kwa sababu siku ya ziwa haiombi tiketi ya mahekalu. Mabega na magoti yafunikwe.

Hekalu hili lilijengwa katika nusu ya kwanza ya karne ya 12 kwa ajili ya mungu Vishnu, na baadaye likawa la Wabuddha, nao njo wanasali pale hata leo. (Mwenzetu mmoja aliuliza kama mwanafunzi wa shule ya kiprotestanti anaweza kusoma habari za Vishnu. Tulimjibu kwamba tunasoma habari za Farao na piramidi zake kila mwaka, na bado hakuna aliyegeuka.) Linazungukwa na mfereji wa maji wenye upana wa meta 190, ukitembea kando yake mpaka kurudi ulipoanzia umepita kilometa 5. Mnara wa katikati una meta 65. Mawe yalitoka chini ya milima ya Kulen na kuletwa kwa njia ya maji. Nje kuko kuta ndefu zilizochongwa picha, na kwa upande wa kusini mutaona mfalme mwenyewe juu ya tembo, miavuli imemzunguka, waaskari mbele na nyuma. Jina lake limechongwa pale. Majina ya wale waliochonga hayako.

Jambo lingine ambalo tuliandika vibaya mara ya kwanza: "Angkor iligunduliwa na Mfaransa Henri Mouhot mwaka 1860." Hapana. Mouhot alifika, aliandika vizuri, alichora, na Ulaya ikasikia habari kupitia kitabu chake. Lakini watawa walikuwa wanaishi pale pale. Kuko hata maandishi ya msafiri mmoja wa Japani kwenye nguzo, ya mwaka 1632. Mtu hawezi kugundua nyumba yenye watu ndani yake.

SIKU YA PILI njo yenyewe, tuichukue polepole. Asubuhi tunaingia Angkor Thom, mji wa Jayavarman wa Saba. Mwaka 1177 Wacham kutoka upande wa Vietnam ya leo waliupora mji wa Angkor. Huyu akawa mfalme mwaka 1181, akajenga ukuta wa kilometa 3 kila upande. Katikati iko hekalu la Bayon na zile nyuso kubwa za mawe zinazotazama pande zote. Wageni wanapiga picha za nyuso, wanaondoka. Sisi tunasema mushuke chini, kwenye kuta za nje. Pale hakuna paka wafalme tu. Kuko wanawake wanauza sokoni, watu wanapika, wanaume wanachochea jogoo wapigane, mvuvi anatupa wavu, mwanamke anazaa na wenzake wanamsaidia. Kijiji kizima kiko kwenye jiwe.

Kisha kuko shahidi. Mwaka 1296 alifika Angkor Mchina Zhou Daguan, mjumbe wa mfalme wake, akakaa karibu mwaka mmoja, akaandika aliyoyaona. Anasema biashara ilikuwa mikononi mwa wanawake, kwamba soko lilianza asubuhi na kuisha saa sita ya mchana, na kwamba hakukuwa na maduka: walitandika mkeka chini na kupanga vitu. Dada zetu wa darasa la nne waliposikia hayo walicheka, wakasema ni kama alikuja kwetu. Anasema pia kwamba mtu wa kawaida hakuruhusiwa kufunika nyumba yake kwa vigae, ila kwa majani tu.

Mchana tunaenda Ta Prohm, hekalu ambalo miti imekaa juu ya paa na mizizi inashuka sawa kamba za mashua. Jayavarman wa Saba alilitoa kwa heshima ya mama yake mwaka 1186. Ndani yake lilikutwa jiwe refu lenye maandishi ya Kisanskriti, na kwenye lile jiwe tukazikuta hesabu za Mwalimu: vijiji 3,140, na watu 79,365 waliotumikia hekalu hili. Hekalu moja! Kati yao wachezaji wa ngoma tu walikuwa 615. Tulipiga hesabu: ni kama watu 25 kwa kila kijiji. Na Preah Khan, hekalu la jirani ambalo mfalme yuleyule alilitoa kwa baba yake mwaka 1191, lina jiwe lake pia: vijiji 5,324, watu 97,840. Mchele, asali, mafuta, nguo, nta ya kuwasha taa, vyote vilitoka huko. Kusudi tusimhukumu mfalme kwa upande mmoja, jiwe la Ta Prohm linasema pia kwamba kulikuwa hospitali 102 katika inchi yake. Lakini nazo zilikula mchele wa vijiji.

Basi vijiji hivyo viko wapi? Swali la wino mwekundu. Jibu ni kwamba jiwe lilikuwa la miungu peke yake. Nyumba za watu zilikuwa za miti na majani, hata mfalme alilala katika nyumba ya miti. Yote yalioza. Njo maana tunaona mahekalu yamesimama porini kama yalianguka kutoka juu, na tunafikiri hakukuwa watu. Mwaka 2012 wataalamu walipita juu na elikopta wakipiga miale ya leza inayopenya kati ya majani ya miti. Karta iliyotoka ilionyesha barabara zilizonyooka, vilima vidogo vya kujengea nyumba, na mabwawa, mengi sana. Walirudia tena mwaka 2015. Leo wanahesabu kwamba Angkor, wakati wa nguvu zake, ilikuwa na watu kati ya 700,000 na 900,000.

SIKU YA TATU tunachukua pikipiki inayovuta kigari chenye kipaa, ndiyo taxi ya kule, na kuelekea kaskazini-mashariki. Kando ya njia iko kijiji cha Preah Dak. Pale wanatengeneza tambi za mchele zinazoliwa asubuhi pamoja na mchuzi wa samaki, na kando ya barabara wanawake wanachemsha maji matamu ya mti mrefu unaofanana na mngazi mpaka yanageuka sukari. Kununua sukari pale kuna maana kuliko kununua kitu mlangoni mwa hoteli. Lakini mukiona mtoto anauza karta za picha saa za masomo, musinunue. Wakubwa wa Angkor wenyewe wanaomba hivyo: akipata pesa kwa wageni, kesho hatarudi darasani. Hapa tulibishana sana sisi watatu, maana mmoja wetu aliuza karanga miaka miwili kusudi alipe masomo. Hatukupatana, na tunaandika kwamba hatukupatana.

Mbele zaidi ni Banteay Srei, hekalu dogo la jiwe jekundu la mwaka 967, ambalo halikujengwa na mfalme bali na mshauri wake, Yajnavaraha. Michoro yake ni myembamba kama mbao iliyochongwa na kisu. Mwaka 1923 kijana mmoja Mfaransa aliikata sanamu za ukuta pale na kuzipakia, akakamatwa Phnom Penh, akahukumiwa. Jina lake André Malraux, yule tunayemsoma katika kozi ya Kifaransa, na ambaye mwaka 1959 akawa waziri wa utamaduni wa Ufaransa. Sanamu zilirudishwa. Zingine mingi za mahekalu mengine zilitoka wakati wa vita na nyuma yake, na zinarudi polepole, moja moja.

Juu ya vita tunasema kidogo, si kwamba ni jambo dogo. Kuanzia tarehe 17 Aprili 1975 mpaka Januari 1979 Khmer Rouge walitawala, na watu kati ya milioni moja na nusu na milioni mbili walikufa kwa njaa, kazi na kuuawa. Mabomu yaliyotegwa ardhini yalibaki miaka mingi. Kwa hiyo, mzee unayekutana naye Preah Dak akikaa kimya, mwacheni.

SIKU YA NNE ni ya ziwa. Tonle Sap ina maajabu: wakati wa mvua, maji ya mto Mekong yanakuwa mingi mpaka mto unaotoka ziwani unageuka na kurudi nyuma. Ziwa linakua kutoka kilometa za mraba 2,500 hivi mpaka 15,000. Katika kijiji cha Kampong Phluk nyumba zimesimama juu ya nguzo ndefu. Wakati wa jua unapanda ngazi kama unapanda mti, wakati wa mvua unafunga mtumbwi mlangoni. Samaki wadogo wanatiwa chumvi na kuozeshwa, chakula kinachoitwa prahok. Mtu aliyekua na ndagala hatashangaa harufu.

Ni maji pia yaliyoumiza Angkor. Miti ya zamani, ukisoma pete zake, inaonyesha kwamba katika karne ya 14 na ya 15 ukame ulikaa miaka mingi, kisha zikaja mvua kali zilizoharibu mifereji. Juu yake vita na Wasiam. Mfalme alihama kusini. Watu wa mashamba, hao walibaki.

Na hapa tunafika pale ambapo somo hili si la zamani tena. Angkor iliandikwa na Unesco mwaka 1992, na ndani ya eneo lake kuko vijiji 112 vya zamani. Mwaka 2022 serikali ilianza kuhamisha jamaa karibu 10,000 kuwapeleka Run Ta Ek, mbali na mahekalu, kila jamaa na kiwanja cha meta 20 kwa 30. Serikali inasema wanaohama ni wale waliojenga bila ruhusa, kwamba wanahama kwa kupenda, na kwamba mahekalu na maji yake yanaharibika. Amnesty International, katika ripoti ya Novemba 2023, ilisema wengi walilazimishwa kwa vitisho. Hapa kwetu Virunga na Kahuzi-Biega ziko kwenye orodha ileile ya Unesco, tangu 1979 na 1980, na wenzetu waliozaliwa kando yake wanajua mazungumzo ya nyumbani jioni. Tulimuuliza Bwana Mwalimu kama Run Ta Ek iwe ndani ya safari. Alisema: "Ninyi njo munapanga." Tumeiweka siku ya nne, saa tisa, nyuma ya ziwa.

Maulizo kwa wasomaji: Kwa nini nyumba ya mfalme haikubaki na hekalu likabaki? Kama hekalu la Ta Prohm lilihitaji vijiji 3,140, mkulima alipata nini? Na yule mtoto wa karta za picha, mungefanya nini ninyi? Majibu yatiwe katika kisanduku cha mlangoni pa biblioteki mbele ya siku ya tano. Karta ya safari imebandikwa darasa la sita. Wadogo zetu wanaweza kuitazama, lakini wasiiguse.

Kiongozi wa wanafunzi, pamoja na wenzake wawili wa darasa la sita