Mafuta ya Kupaka Vibao vya Kukatia na Vyombo vya Mti

Kila nyumba ya mkulima katika Boko, Bunju na Mbweni ina kibao cha kukatia samaki na mboga, na mwiko, na upawa. Vyombo hivi vikikosa mafuta hunywa maji na kuvimba. Kisha vikianikwa juani hupasuka, na ndani ya nyufa mabaki ya chakula huoza. Basi yafaa kuvipaka mafuta, lakini si mafuta yote yaufaayo mti yamfaayo mlaji.

Jihadhari kwanza na mafuta ya maganda ya korosho. Wako wayapakao nguzo ili kuzuia mchwa, na kwa kazi hiyo ni mazuri. Lakini huunguza mikono na midomo; yasikaribie chombo cha chakula kamwe. Kadhalika oili chafu ya motokaa. Mafuta ya kitani ya maseremala mara nyingi yametiwa madini ili yakauke upesi. Hayo yaachie milango na viti. Tena kitambaa kilicholowa mafuta hayo kisikunjwe na kuwekwa nyumbani, maana huweza kuwaka chenyewe. Kitandaze nje kikauke.

Mafuta ya alizeti na ya karanga huliwa, ila kibaoni huharibika, yakanata na kunuka.

Yaliyo karibu nawe ni ya nazi, nayo hukawia kuharibika. Sharti yapikwe vema: chemsha tui mpaka maji yote yaishe, mafuta yaache kulia chunguni, kisha uyachuje. Maji yakibaki ndani, mafuta yataoza. Yakiganda asubuhi za kipupwe usidhani yameharibika. Yapashe moto kidogo. Ukipata nta ya nyuki, tia sehemu moja kwa sehemu nne za mafuta, ukiyeyusha katika bakuli lililowekwa ndani ya maji ya moto, si juu ya moto wenyewe.

Mafuta meupe ya parafini yauzwayo katika duka la dawa nayo ni salama wala hayaozi; usiyachanganye na mafuta ya taa.

Osha kibao kwa sabuni na maji ya moto, kisimamishe kivulini siku mbili, kisha paka kwa kufuata uzi wa mti. Kilale usiku mmoja, asubuhi ufute yaliyozidi. Mafuta hayaui uchafu wa nyama mbichi, kuosha hakuachwi.

Tone la maji likisimama kibaoni kama juu ya jani la mgimbi, mafuta yangaliko; likinywewa, paka tena.