Marudio au Topesumu? Taka za Migodi ya Dhahabu Migori na Homa Bay na Wajibu wa Kiswahili

1.0 Utangulizi

Makaa ya mawe ya bonde la Mui, Kitui, yamezua mjadala mrefu nchini Kenya kuhusu taka za migodi, ingawa hayajaanza kuchimbwa kibiashara. Huko Migori, hata hivyo, taka za migodi si jambo la kungojewa. Zimekuwapo tangu enzi za ukoloni, na kila mvua inyeshapo baadhi yake husombwa kuelekea Ziwa Viktoria, ambalo Migori na Homa Bay hulitegemea kwa samaki na maji. Makala haya yananuia kueleza jinsi taka hizo zinavyotokea, madhara yake na namna ya kuzidhibiti. Aidha, yanadai kwamba majina tunayozipa taka hizi ni sehemu ya udhibiti wenyewe, na hapo ndipo mwanafunzi wa Kiswahili anapohusika.

2.0 Asili ya Taka

Mgodi mkubwa wa zamani katika eneo hili ni Macalder, Nyatike, uliotoa shaba na dhahabu hadi ulipofungwa mwaka 1966. Kituo cha umeme cha Gogo katika mto Kuja kilijengwa ili kuuhudumia mgodi huo. Mwenye mgodi aliondoka. Malundo ya mabaki yakasalia. Mawe ya Macalder yana madini ya salfa. Yakiwa chini ya ardhi hayana neno, lakini yakisagwa na kuachwa juani na mvuani, hewa na maji huyageuza kuwa asidi, nayo asidi huyeyusha shaba, risasi na aseniki. Hali kama hiyo hutokea katika taka za makaa ya mawe yenye salfa. Ng'ambo ya mpaka, wilayani Tarime, maji yenye asidi yalivuja kutoka mgodi wa North Mara mwaka 2009 na kuingia mto Tigithe.

Aina ya pili ya taka hutoka kwa wachimbaji wadogo. Mawe husagwa, unga wake huoshwa, kisha zebaki hutiwa ili iikamate dhahabu. Donge linalopatikana huchomwa. Zebaki huwa mvuke na dhahabu hubaki. Shughuli ya kuosha aghalabu hufanywa na wanawake, mikono mitupu ikiwa ndani ya karai. Sehemu ya zebaki huvutwa pamoja na hewa, na sehemu nyingine hubaki katika mchanga unaotupwa. Kwa kuwa njia hii huacha dhahabu nyingi nyuma, mchanga huo haukosi mnunuzi: huchukuliwa na kutiwa sayanidi ili dhahabu iliyosalia itolewe.

3.0 Athari kwa Mito na Ziwa

Utafiti wa Ogola, Mitullah na Omulo uliochapishwa mwaka 2002 ulichunguza zebaki, risasi na aseniki katika mabaki ya migodi na mashapo ya mito ya ukanda wa dhahabu wa Migori, ukabainisha viwango vilivyopita kiasi kinachokubalika. Mto Migori huungana na Kuja, na Kuja huingia ziwani Nyatike. Mpaka wa kaunti hauzuii maji wala samaki. Mvuvi wa Mbita au Sindo hana namna ya kujitenga na yanayotupwa Macalder.

Zebaki ifikapo katika tope la chini ya maji, vijidudu huigeuza kuwa zebaki ya kikaboni, ambayo huingia mwilini kwa urahisi zaidi. Samaki wadogo huimeza, nao huliwa na wakubwa. Hivyo basi, samaki walao wenzao, kama vile mbuta mkubwa, ndio wanaoelekea kulimbikiza sumu nyingi kuliko omena. Madhara yake hulenga mishipa ya fahamu, na mtoto aliye tumboni yumo hatarini zaidi. Dunia ilijifunza hayo Minamata, Japani, ambako ugonjwa uliosababishwa na zebaki ya kiwandani ulitambuliwa rasmi mwaka 1956.

4.0 Majina Mawili ya Lundo Moja

Tanzania imekuza msamiati mpana wa taka za migodi. Magwangala ni mawe ya mabaki; mwaka 2016 Rais John Magufuli aliagiza wachimbaji wadogo wa Geita wapewe mawe hayo. Makinikia ni mchanga uliokwisha kurutubishwa madini. Neno hili lilienea mwaka 2017 usafirishaji wake nje ulipopigwa marufuku. Muhimu zaidi kwa mada yetu ni maneno marudio na topesumu. Marudio ni mchanga uliokwisha kutolewa dhahabu, unaorudiwa ili kutolewa iliyosalia. Topesumu ni tope la mabaki hayo linalohifadhiwa katika bwawa maalumu.

Maneno haya yanaweza kutaja lundo lilelile, lakini hayatazami upande mmoja. Marudio huona mali. Topesumu huona hatari. Mchimbaji anayelijua lundo kwa jina la marudio pekee haoni sababu ya kusita kulitia sayanidi. Kumbe sayanidi huyeyusha zebaki iliyomo na kuirahisishia safari ya kufika mtoni. Ndiyo maana Mkataba wa Minamata kuhusu Zebaki, ulioanza kutumika mwaka 2017, unataka utiaji wa sayanidi katika mabaki yenye zebaki, kabla zebaki hiyo haijaondolewa, ukomeshwe. Kenya ilitia saini mkataba huo mwaka 2013.

Je, mwosha dhahabu wa Nyatike atayapata wapi maarifa hayo? Sheria ya Madini ya mwaka 2016 imeandikwa kwa Kiingereza. Machimboni hukutana Wajaluo, Wakuria, Wasuba na wageni wengine, na Kiswahili ndicho daraja lao. Ibara ya 7 ya Katiba ya mwaka 2010 inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na lugha rasmi. Ibara ya 42 inampa kila mtu haki ya mazingira safi na salama. Haki ya pili haitimii iwapo ya kwanza itabaki karatasini.

5.0 Njia za Udhibiti

Kwanza, unga wa mawe upunguzwe kwa kuoshwa kwenye mialo, ili zebaki isitiwe katika mzigo wote. Pili, donge lichomwe katika chombo kilichofungwa chenye bomba la kuurudisha mvuke, mbali na makazi. Tatu, mabaki yenye zebaki yatengwe katika mashimo yaliyosakafiwa, mbali na mito, wala yasitiwe sayanidi kabla zebaki haijaondolewa. Nne, malundo ya zamani yenye salfa yafunikwe kwa udongo wa mfinyanzi ili hewa na maji visiyafikie, na asidi iliyokwisha kutokea ipozwe kwa chokaa. Sheria ya mwaka 2016 inatenga asilimia 20 ya mrabaha kwa kaunti na asilimia 10 kwa jamii. Sehemu ya fedha hizo ingefaa kutumika katika kazi hii.

6.0 Hitimisho

Imebainika kwamba taka za migodi ya Migori ni mali na sumu kwa wakati mmoja, na kwamba atakayezisimamia hana budi kuziona pande zote mbili. Vyama vya wanafunzi wa Kiswahili vinaweza kuchangia kwa kukusanya msamiati wa machimboni, kuusanifu bila kuupuuza uliokwisha kukubalika Tanzania, na kuandika miongozo mifupi ya kubandikwa palipo na visagio. Asiyejua maana haambiwi maana. Lakini huyu anayeosha mchanga kwa mikono mitupu anastahili kuambiwa, tena kwa lugha anayoielewa.